Damu ni nini, buda?

Wiki jana tulimzika mzee aliyemlea beshte yangu tangu akiwa na miaka miwili. Karo ya chuo alimlipia hadi mwezi aliokufa. Kabla turubai zishuke, ami yake akamwambia: "Wewe si damu. Kwa shamba hauko. Hiyo ni mila."

Mila gani? Nikaenda kusoma.

Wakikuyu walikuwa na sherehe ya kuzaliwa na mbuzi. Mbuzi anachinjwa, mtu wa nje anakuwa wa mbari. Jomo Kenyatta aliandika mwaka wa 1938 vile Wakikuyu na Wandorobo walifanyana ndugu hivyo ndio wauziane ardhi huko Kiambu. Yaani undugu ulitengenezwa, tena kwa sababu ya shamba!

Wazungu nao walichelewa. Uingereza iliruhusu kuasili watoto kisheria mwaka wa 1926, lakini mtoto hakurithi wazazi wapya bila wosia hadi sheria ya 1949.

Kwetu, Sheria ya Urithi ilitungwa 1972, ikaanza kazi tarehe 1 Julai 1981. Ukiasiliwa kortini, unahesabiwa kama uliyezaliwa hapo. Na hata bila karatasi, kifungu cha 29 kinamtaja mtoto ambaye marehemu alimchukua kama wake, bora awe alikuwa anamtunza hadi kifo. Anaweza kuomba korti impe fungu, ila kabla ugavi wa mali haujathibitishwa.

Beshte yangu anaona aibu kwenda. Nimemwambia aibu si yake. Jumatatu naenda naye.