Msimulizi Asiyeonekana: Kutoka Kichuguu cha Mchwa hadi Kibera

Wahakiki wa fasihi tumezoea kuwaachia wataalamu wa vyombo vya habari filamu zinazorekodi maisha halisi. Makala hii inashikilia kwamba suala kuu la filamu hizo, yaani nani anasimulia na kwa idhini ya nani, ni suala letu pia.

Katika Mysterious Castles of Clay (1978), Alan na Joan Root waliwapiga picha mchwa wa Kenya kwa subira kubwa. Hata hivyo, sauti inayotufafanulia kila tukio ni ya Mmarekani Orson Welles. Huyu ni msimulizi maizi: haonekani, hajibiwi, na anajua yote. Kwa kuwa mchwa hasemi, hakuna aliyenyang'anywa kauli.

Hali hubadilika anayetazamwa anapokuwa mtu. David na Judith MacDougall, waliorekodi maisha ya Waturukana mwaka 1973 na 1974, walifuata mkabala wa ushuhudiaji: kamera hutulia na kusikiliza, na maneno ya wahusika hufasiriwa kwa maandishi chini ya picha. Katika The Wedding Camels (1977), mabishano kuhusu mahari ndiyo yanayojenga msuko. Ni kweli kwamba anayeamua picha ikatwe wapi bado ni mtunzi; lakini wahusika wamerudishiwa kauli.

Kibera ndiyo mizani ya hoja hii. Jina lenyewe latokana na neno la Kinubi lenye maana ya msitu, kwani hapo ndipo askari Wanubi wa KAR walipopewa makazi mwanzoni mwa karne ya 20. Msitu umetoweka, ila jicho la mbugani limebaki. Mara nyingi mtaa huonyeshwa kutoka juu, mapaa ya mabati yakiwa yamesongamana, huku sauti ya mgeni ikieleza. Wakazi hugeuzwa mchwa: wanahangaika, hawasemi.

Soul Boy (2010) ya Hawa Essuman ni hadithi ya kubuni. Humo kijana Abila anaitafuta roho ya babake iliyochukuliwa na Nyawawa, pepo wa masimulizi ya Kiluo. Iliigizwa Kibera kwenyewe, na Wanakibera wanajisemea. Hapa pana kinaya: hadithi ya pepo inawatendea haki wakazi kuliko picha nyingi zinazodai uhalisia.

Kwa hiyo, uhalisia wa filamu haupimwi kwa ukweli wa picha pekee. Hupimwa pia kwa kuuliza kama anayetazamwa ana nafasi ya kumjibu anayemsimulia.