Mnara wa Chuma wa Katuruka na Historia ya Bunilizi ya Kisayansi ya Kiswahili

Utangulizi

Ni rahisi kuisimulia historia ya bunilizi ya kisayansi ya Kiswahili kama historia ya uchelewaji. H. G. Wells alichapisha The First Men in the Moon mwaka 1901. Ray Bradbury alitoa The Martian Chronicles, kitabu cha walowezi wa Kimarekani katika sayari ya Mirihi, mwaka 1950. Riwaya ya Katama Mkangi, Walenisi, inayomfikisha mhusika wake katika ulimwengu mwingine kwa chombo cha angani, ilitoka mwaka 1995. Kwa kipimo hicho, Kiswahili kinaonekana kuwa mwanafunzi aliyeingia darasani somo likiwa limekwisha anza. Makala haya yanadai kwamba kipimo chenyewe kina kasoro, kwa kuwa kinahesabu vyombo vya safari na kuacha swali linaloibeba safari: ni nani anayelipa gharama yake? Masimulizi ya Wahaya wa Bukoba na Muleba yanasaidia kulirejesha swali hilo mahali pake.

Mnara wa Katuruka

Mapokeo ya Kyamutwara yanaeleza kwamba Omukama Rugomora Mahe, mtawala wa karne ya 17, aliwaamuru wahunzi wamjengee mnara wa chuma utakaofika mbinguni, apate kuona kulikoje huko. Mnara ulianguka. Masimulizi hayo yamefungamana na Katuruka, Bukoba Vijijini, na hasa na mti mtakatifu wa Kaiija, ambao jina lake huhusishwa na ufuaji wa chuma. Peter Schmidt, aliyefanya utafiti huko kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1960, alichimba mahali wazee walipomwonyesha, akapata mabaki ya kazi ya chuma yenye umri wa zaidi ya miaka 2,000. Mabaki hayo yalimtangulia Mahe kwa karne nyingi.

Pengo hilo la wakati lina uzito kwa mwanafasihi. Wahinda waliotawala waliikuta kumbukumbu ya wahunzi, nao wakaiweka chini ya jina la mfalme. Simulizi inamtaja aliyeamuru, wala haiwataji kwa majina waliovukuta. Hata hivyo, haikumpa mfalme ushindi. Tamaa ya kuiona mbingu ni yake, kazi ni ya wengine, na anguko la mnara ni hukumu juu ya amri hiyo.

Wasikilizaji wa zamani walijua uzito wa kazi iliyotajwa. Mwaka 1976 wazee waliowahi kuyeyusha chuma ujanani walijenga upya tanuri kwa udongo wa kichuguu, wakachoma matete ya kinamasi katika shimo lake, wakaandaa mkaa, na kuingiza mirija ya udongo ndani kabisa ili hewa ya mivukuto ipate joto kabla ya kuufikia moto. Schmidt na Donald Avery walichapisha matokeo hayo katika jarida la Science mwaka 1978. Chuma cha simulizi, basi, si pambo. Ni teknolojia ambayo jamii iliifahamu, ikakuzwa kupita uwezo wake ili kuuliza mipaka ya mamlaka iko wapi.

Deni la Wamara

Masimulizi ya pili yanaelekea chini. Yalienea katika Buhaya, ikiwamo Ihangiro, ambayo leo imo wilayani Muleba, na toleo lake moja lilichapishwa na mmisionari Edmond Césard katika miaka ya 1920. Wamara na wenzake wanaingia chini ya ardhi, katika nchi ya Kintu. Wanapokewa vizuri, wanarudi na ng'ombe na mbegu, wakiwa wameahidi kutoa shukrani. Wamara anasahau ahadi. Kintu anamtuma Rufu, yaani kifo, kudai kilicho chake.

Hapa ulimwengu wa pili una mwenyewe. Mgeni anayechukua mali yake bila kurudisha anakuwa mdaiwa, na deni linawafikia hata wasiosafiri. Bradbury naye anakaribia wazo hilo kutoka upande wa pili: wenyeji wa Mirihi wanaangamizwa na maradhi yaliyoletwa na wageni, kisha walowezi wanarithi miji mitupu.

Chombo cha Dzombo

Katika Walenisi, Dzombo hasafiri kwa udadisi. Amehukumiwa kufa, na chombo anachoingizwa ni adhabu ya dola. Anajifunza kukiongoza, anatua katika jamii ya usawa, na jina la jamii hiyo linamfunulia msomaji kwamba wale ni sisi. Mkangi, mwanasosholojia aliyewekwa kizuizini nchini Kenya mwaka 1986, aliijua dola inayowaondoa wakosoaji wake machoni pa watu.

Hakuna haja ya kudai kwamba Mkangi aliyarithi masimulizi ya Wahaya, wala si sahihi kuuita mnara wa Mahe bunilizi ya kisayansi. Mnara unasimuliwa kama jambo lililotokea mahali panapojulikana, na unahusu uhalali wa watawala. Riwaya inajitangaza kuwa ubunifu. Kinachofanana ni muundo wa swali. Mahe anaamuru safari kwa jasho la wengine, Wamara anasafiri kwa mkopo asioulipa, na Dzombo anasafirishwa ili afe. Katika kila simulizi, chombo au njia ya safari inaonyesha mgawanyo wa mamlaka nyumbani.

Hitimisho

Historia ya utanzu huu ikianzia kwenye roketi, Kagera haitakuwa na nafasi ndani yake. Ikianzia kwenye gharama ya safari, masimulizi ya Bukoba na Muleba yanakuwa ushahidi wa lazima. Ushahidi huo unapungua. Wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI nchini Tanzania walitambuliwa Kagera mwaka 1983, na janga hilo liliondoa wengi ambao wangepokea masimulizi kutoka kwa wazee na kuyapitisha mbele. Katuruka, wanakijiji wenyewe wamejitahidi kuihifadhi kumbukumbu ya Kaiija. Wahakiki wa Kiswahili wana wajibu wa kuyasoma masimulizi hayo kama fikra kuhusu teknolojia na utawala, kabla hayajabaki kuwa maelezo ya chini katika vitabu vya akiolojia.