Waliopita juu ya daraja, waliopita chini yake

Sisi wa Muleba tulilijua jina Kagera kama mkoa kabla hatujaujua mto wenyewe. Kumbe mto huo una kesi ambayo haijaisha.

Aprili 1994, mauaji ya kimbari yalipoanza Rwanda, maelfu ya waliouawa walitupwa mtoni. Maji yakawapitisha Rusumo, mpakani mwa Ngara, yakawaleta hadi Kyaka, yakaingia Uganda na kuwamwaga Ziwa Victoria. Wavuvi na wanavijiji wa huko wakawaopoa. Zaidi ya 10,000 wamezikwa Kasensero, Lambu na Ggolo, karibu wote bila majina.

Walio hai nao walipita. Tarehe 28 na 29 Aprili, watu wapatao 250,000 walivuka daraja la Rusumo kwa takriban saa 24. Mapanga yaliachwa mpakani, yakawa chungu. Mama mwenye mtoto mgongoni na mtu aliyeua wiki mbili nyuma walitembea bega kwa bega, wote wakapokelewa kambi ya Benaco kama wakimbizi.

Mmoja wao alikuwa Sylvestre Gacumbitsi, meya wa wilaya ya Rusumo, ng'ambo tu ya daraja. Katikati ya Aprili, maelfu ya Watutsi waliokimbilia kanisa la Nyarubuye walikuwa wameuawa. Mwandishi wa BBC, Fergal Keane, alimkuta Benaco mwaka huohuo, akamhoji, akakana. Alikuja kukamatwa 2001, mkoani Kigoma. Mahakama ya Umoja wa Mataifa kule Arusha ilimpa miaka 30 mwaka 2004. Rufaa ya 2006 ikaigeuza kuwa kifungo cha maisha.

Ni haki, ingawa ilichelewa. Mwandishi alimpata kwa wiki chache. Sheria ilihitaji miaka saba. Lakini mahakama iliuliza nani aliua. Nani amelala pale Kasensero, hilo halikuwa swali lake.

Kwetu Uhaya mtu huzikwa kwenye kibanja cha ukoo, migombani, wajukuu wakaonyeshwa kaburi. Ndiyo maana kumfunga muuaji naona ni nusu ya kazi.

Pale Benaco, waliopita juu ya daraja waliandikishwa ili wapate mgao wa chakula. Waliopita chini yake hakuna aliyewafungulia daftari.