Sauti ya Watu, Sauti ya Nani? Juu ya Kusoma na Kufasiri Maneno ya Kale ya Kilatini na ya Kigriki



Tuanze na kosa letu wenyewe. Katika mwaka wetu wa kwanza wa upadri, Wakristu wa parokia moja ya Lubumbashi walikuwa wakichagua komite mpya. Dominika ile tulihubiri, na kwa kutaka kuwatia moyo tulitamka kwa Kilatini: «Vox populi, vox Dei». Mara tukafasiri: «Sauti ya watu ni sauti ya Mungu». Watu wakapiga makofi, nasi tukafurahi.

Juma lile lile, watu wa avenue moja walimfukuza mama mjane nyumbani kwake. Walisema kama yeye ndiye mulozi aliyemuua mtoto wa jirani. Tulipofika kuwakemea, mzee mmoja alitujibu bila hasira: «Baba Padri, sisi wote tumesema neno moja. Na ni nyinyi wenyewe mulitufundisha kama sauti ya watu ni sauti ya Mungu.» Tukakosa la kujibu. Jioni mwalimu wetu wa katekismu, mtu mzima aliyesoma miaka sita tu ya shule, akatuambia: «Baba, munisamehe. Siku ya Ijumaa Kuu, wale waliomlilia Pilato asulubishe Bwana Yezu, sauti yao ilikuwa ya nani?»

Usiku ule tulitafuta neno hili limetoka wapi. Tukamkuta Alkuini, shemasi wa York katika Uingereza, aliyekuwa mwalimu katika nyumba ya mfalme Karolo Mkuu. Karibu na mwaka wa 798 alimwandikia mfalme barua ya mashauri, na ndani yake neno hili limo. Lakini analitaja ili alikatae. Anamwonya mfalme asiwasikilize wenye kulisema, kwa sababu makelele ya kundi yako karibu sana na wazimu. Basi Alkuini na mwalimu wetu walikuwa na shauri moja, na kati yao imepita miaka elfu moja na mia mbili. Sisi tuliosoma Kilatini ndio tuliokuwa upande mwingine.

Tangu siku ile tumejua kama neno la kale lina mwenyewe. Lilisemwa na mtu fulani, kwa watu fulani, kwa sababu fulani. Anayelifasiri bila kuuliza habari hizo anafasiri sauti tu, na sauti isiyo na mwenyewe inaweza kutumwa na ye yote kwa kazi yo yote.

I. Kilatini kilifika kwetu namna gani

Mapadri Weupe walipokea Mpala, kando ya ziwa Tanganyika, mwaka wa 1885. Mwaka wa 1899 Mgr Victor Roelens alifungua huko seminari ndogo, na vijana wachache wakaanza Kilatini. Mmoja wao alikuwa Stefano Kaoze, Mtabwa wa milima ya Marungu. Nyumbani alisema Kitabwa, katika misioni Kiswahili, katika darasa Kilatini na Kifransa. Alipewa upadri huko Baudouinville, ndiyo Moba ya leo, tarehe 21 Julai 1917, wa kwanza katika Kongo ya wakati ule. Hesabuni: tangu kufunguliwa kwa darasa lile mpaka siku ya altare, miaka 18.

Tusimdhanie Kaoze kuwa mtu aliyerudia tu maneno ya wageni. Mwaka wa 1910 maandiko yake juu ya mawazo ya Wabantu yalianza kutoka katika gazeti la Ubelgiji. Aliyejifunza kupima neno la Cicero alipima pia neno la babu zake.

Lakini kwa wengi wetu Kilatini kilikuwa mlango wa mtihani. Tulijifunza kuchambua majina na vitenzi; kusikia mtu anayesema hatukujifunza sana. Halafu Mtaguso wa Vatikano wa Pili, tarehe 4 Desemba 1963, ukafungulia luga za watu njia katika liturjia. Tarehe 30 Aprili 1988 Roma ikakubali Misale ya majimbo ya Zaire. Kilatini kikatoka katika Misa za kila siku, na vipande vyake vikabaki: ukutani, katika mihuri, katika hotuba. Leo mseminari anapata methali mia katika simu yake, na nyingi hazina jina la aliyesema. Ndiyo hatari yetu: watu wanaachiwa vipande, nao hawajui chungu kilikuwa cha namna gani.

II. Ora et labora

Tuchukue kipande kinachojulikana kuliko vyote katika Katanga. Kanisa la kusini lilipandwa na Wabenediktini wa abasia ya Saint-André karibu na Bruges, waliofika mwaka wa 1910 pamoja na Jean-Félix de Hemptinne, ambaye baadaye alikuwa askofu. Watu wote husema kama neno la Mtakatifu Benedikto ni «Ora et labora»: Sali, ufanye kazi.

Mfungue Kanuni yake, mtafute. Hamtaliona. Neno hilo lilienea hasa katika karne ya 19. Yaliyomo katika Kanuni, sura ya 48, ni mpango wa saa za mmonaki: pamoja na sala za pamoja, saa za kazi ya mikono na saa za kusoma mambo ya Mungu. Ni vitu vitatu. Methali imeshika viwili, kusoma kumeanguka njiani.

Je, jambo hilo ni dogo? Katika Ulaya pengine ni dogo. Kwetu, fikirini neno «kazi» lilisikiwaje. Union Minière iliundwa mwaka wa 1906, na toka 1911 tanuru la Lubumbashi liliyeyusha shaba. «Kazi» ikawa ya Kampani: king'ora, posho, kapita. Mwezi wa Desemba 1941 wafanya kazi wa Elisabethville waligoma wakidai mshahara, na watu wakauawa kwa risasi. Mtu wa namna hiyo ukimwambia «Sali, ufanye kazi», anasikia amri mbili, na zote mbili anazisikia kama zinatoka kwa wakubwa. Hasikii kama Benedikto aliwaagiza ndugu kula matunda ya mikono yao wenyewe. Wala hasikii kama mtu yule yule mwenye jembe alipaswa kupewa kitabu. Na chuo kikuu cha Elisabethville kilipokea wanafunzi wake wa kwanza mwaka wa 1956 tu.

Kwa hiyo sisi twafasiri hivi: «Sali, fanya kazi, soma». Msahihishaji wa Kilatini atatukata alama. Mtakatifu Benedikto, twatumaini, hatatukata.

III. Methali zinazofanana

Kosa lingine ni la wale wanaojua Kiswahili vizuri. Mbele ya «Festina lente» wanaandika upesi: «Haraka haraka haina baraka». Neno hili Suetonius anasema lilipendwa na Kaisari Augusto, naye alilitamka kwa Kigriki: «Speude bradeos». Lakini tazama vema. Methali yetu inakataza haraka. Ya Augusto inaiamuru! Jemadari anaambiwa: fanya haraka, lakini pole pole, usichelewe, wala usirukeruke. Mwenye kuweka methali yetu mahali pa ile amekula nusu ya chakula. Afadhali kusema wazi: «Kimbia kwa akili». Methali zetu ni mali, lakini tusizifanye kifuniko cha maneno ya wengine.

IV. Kyrie eleison

Mwaka wa 1958, huko Kamina, Padri Guido Haazen, Mfransisko, pamoja na wanafunzi wake, walitoa Misa Luba. Watoto wale waliimba kwa namna ya kwetu, lakini maneno yalibaki ya Kigriki na ya Kilatini. Wimbo ulihamia kwetu kwanza, maneno yakafuata baadaye.

Maneno yalipohamia, «Kyrie» likawa «Bwana». Wafasiri walijua kama katika Katanga «bwana» alikuwa pia Mzungu wa ofisi. Hata «Kyrios» ya Kigriki ilisemwa kwa mwenye watumwa, tena kwa Kaisari, na Wakristu wa kwanza walimpa Yezu jina hilo makusudi. Neno si baya. Linaomba tu mwalimu wa kulieleza.

Na aeleze pia kama «eleison» si ungamo la dhambi tu. Ni kilio cha mtu aliye kando ya njia. Katika Matayo, sura ya 20, vipofu wawili wa Yeriko wanalia hivyo, na makutano wanawakemea wanyamaze. Hapo sauti ya watu ilikuwa nini? Ilikuwa kizibo cha vinywa vya maskini. Bwana akasimama, akawasikiliza wale wawili.

Ndiyo Injili tuliyosoma Dominika iliyofuata kosa letu. Tuliwaambia Wakristu: «Tuliwafundisha vibaya». Hakuna aliyepiga makofi. Mama yule alirudi nyumbani kwake baada ya miezi miwili, na jirani wengine hawamsalimii mpaka leo.

Basi, ndugu waseminari, kabla ya kutia neno la kale katika mahubiri, mwulize maswali matatu: Nani alisema? Aliwaambia nani? Mtu wa mwisho wa avenue atalisikiaje? Mkikosa jibu la swali la tatu, mpelekeeni mwalimu wa katekismu kabla ya Misa, msimngoje jioni.