Kifani cha Diski, Si Picha Yake

Miongoni mwa istilahi za kompyuta zilizoingizwa katika orodha za Kiswahili kwa haraka kuliko ilivyostahili ni "picha ya diski", jina linalopewa faili moja inayobeba yaliyomo yote ya diski, tangu sekta ya kwanza hadi ya mwisho. Kosa lake halijitokezi waziwazi mpaka istilahi hiyo iunganishwe na nyingine. Mtaalamu anayetaka kuzitaja maktaba za programu zinazofungua na kusoma faili za aina hiyo hulazimika kuandika "maktaba za picha za diski", na msomaji wa magazeti ya Dar es Salaam, aliyezoea kukuta maneno "Picha ya Maktaba" chini ya picha ya zamani iliyotolewa kwenye hifadhi ya gazeti, atadhani kuna mahali palipowekwa picha za diski zilizopigwa kwa kamera. Maneno matatu, kila moja likiwa halina ubaya likisimama peke yake, yameungana yakazaa upuuzi, na waliopitisha istilahi hiyo hawakuugundua kwa sababu orodha zao hutungwa kwa kufuata alfabeti, neno baada ya neno, bila hata sentensi moja ya kulijaribu neno katika kazi yake.

Kitu chenyewe anakifahamu yeyote aliyewahi kusakinisha mfumo endeshi kutoka kwenye faili ya ISO, au kuendesha mashine pepe, yaani kompyuta inayoigizwa na programu ndani ya kompyuta halisi. Diski laini ya kawaida ya inchi 3.5 ilikuwa na pande mbili, kila upande njia 80, kila njia sekta 18 na kila sekta baiti 512, ambazo jumla yake ni baiti 1,474,560. Hata kama diski hiyo ilihifadhi barua moja tu, faili inayotwaliwa kutoka kwayo itakuwa na baiti 1,474,560 zile zile, kwa kuwa hubeba pia sekta tupu, mabaki ya mafaili yaliyofutwa na sekta ya kuwashia mfumo iliyo mwanzoni kabisa. Hakuna kinachotazamwa hapa. Kuna mfuatano wa baiti uliolingana na mfuatano mwingine, nafasi kwa nafasi.

Waliochagua "picha" walilitazama neno la Kiingereza image katika kamusi ndogo wakatosheka na maana yake ya kwanza, ilhali historia ya neno hilo ingewaonyesha njia nyingine. Asili yake ni Kilatini imago, neno lenye shina moja na kitenzi imitari, kuiga, kwa hiyo kiini chake ni kufanana na wala si kuonekana. Warumi wa tabaka la juu waliviita imagines vinyago vya nta vya wahenga wao, vilivyofuata nyuso za marehemu na kuwekwa katika makabati ya ukumbi wa nyumba. Polybius, mwanahistoria Mgiriki wa karne ya 2 kabla ya Kristo, anaeleza kwamba katika maziko vinyago hivyo vilivaliwa na watu waliokaribiana na marehemu kwa kimo na umbo, wakavikwa mavazi ya vyeo vya wahenga hao, kisha wakaketi kwa safu katika viti vya pembe za ndovu. Imago, basi, ilikalia kiti cha mwenyewe na kupewa heshima yake. Wahandisi wa karne ya 20 walilirithi neno likiwa na maana hiyo hiyo: kadi za kutobolewa zenye safu 80, ambazo IBM ilizitoa mwaka 1928, zilipohamishiwa kwenye utepe wa sumaku, kila rekodi ya herufi 80 iliitwa kwa Kiingereza image ya kadi, ingawa hapakuwa na mchoro wa kadi wala wa matundu yake, kwa sababu programu iliisoma rekodi hiyo kama vile inaisoma kadi yenyewe. Kutoka kwenye kadi jina lilihamia kwenye kumbukumbu, na kutoka kwenye kumbukumbu likafika kwenye diski.

Kundi la pili la watunzi, lililoona udhaifu wa "picha" bila kuona sababu yake, limependekeza "taswira". Neno hilo ni la Kiarabu, kutoka katika mzizi wa s-w-r wenye sadi, uliotupatia pia "sura" ya mtu, ambayo Kiswahili kimeichanganya kwa matamshi na "sura" ya kitabu inayotoka katika mzizi mwingine wenye sini. Mzizi huo ni wa umbo na uchoraji, na katika Kiswahili taswira imekwishakabidhiwa kazi nzito katika uhakiki wa fasihi, ambako humaanisha picha inayojengwa akilini kwa maneno. Kumwondolea mhakiki neno lake ili apewe mhandisi asiyelihitaji ni dhuluma kwa wote wawili. "Nakala" nayo, kutoka naqala, kuhamisha, ni neno jema lililowekwa mahali pasipolifaa, kwa kuwa mtu akinakili mafaili yote ya diski atakuwa ametoa nakala halali kabisa ambayo, hata hivyo, imepoteza sekta ya kuwashia, mabaki ya vilivyofutwa na mpangilio mzima wa diski.

Neno linalostahili nafasi hii ni "kifani", na limekuwamo ndani ya lugha muda wote huo. Shina lake ni -fana, lile lililotoa fanana, mfano na mfanano, na ndugu zake wanapatikana mbali kusini na bara: Kizulu kina fana, Kichewa na Kishona vina fanana, Gĩkũyũ kina hana, vyote kwa maana ya kushabihiana. Kwa hiyo kati ya imago na kifani kuna ulinganifu ambao picha na taswira haziwezi kuudai, kwani imago na kifani yote mawili yametungwa juu ya wazo la kuiga na kulingana, na jicho halina sehemu humo. Wapinzani wake hudai kwamba kifani huishi katika ukanushi tu, kwa kuwa watu husema "uzuri usio na kifani" na kwa nadra sana husema "uzuri wenye kifani". Hoja hiyo inalitetea neno badala ya kuliangusha. Anayesema kwamba mtu fulani hana kifani anajua barabara kifani kingekuwa nini, yaani mwingine awezaye kusimama mahali pale pale pasiwepo tofauti. Na mwanadamu akikosa kifani cha namna hiyo, diski inacho. Lugha imelitunza neno likiwa na maana kali namna hii, na kulitafutia mbadala dhaifu kutoka Kiingereza ni uzembe.

Ukali huo wa maana ndio unaohitajiwa na maktaba za programu. Maktaba, kwa maana hii, ni mkusanyiko wa taratibu zilizoandikwa tayari ili programu nyingine zizitumie bila kuziandika upya, na istilahi hiyo haina dosari, kwa sababu hata chimbuko lake lilikuwa maktaba ya kushikika: taratibu za kompyuta ya EDSAC huko Cambridge, iliyoanza kazi mwaka 1949, zilitobolewa kwenye tepe za karatasi zikawekwa kabatini, na mwandishi wa programu alichagua tepe aliyoihitaji akainakili kwenye yake. Maktaba za leo za kushughulikia vifani ni nyingi: libcdio kwa diski za mwanga, libqcow, libvhdi na libewf kila moja kwa jamii yake ya faili, DiscUtils kwa waandikao kwa C#, na libguestfs inayowasha mashine pepe ndogo ya Linux ili kifani kifunguliwe humo. Zote hufanya jambo moja, nalo ni kujibu kama diski ingejibu. Zikiulizwa sekta ya 16 ya kifani cha diski iliyopangwa kwa kiwango cha ISO 9660 cha mwaka 1988, ambacho sekta zake ni za baiti 2,048 na huhesabiwa kuanzia 0, zitakwenda kwenye baiti ya 32,768 na kurudisha maandishi CD001 mara baada ya baiti 1 ya aina, sawasawa na diski yenyewe.

Hapa hutokea pingamizi lenye uzito kuliko yote, kwamba faili nyingi za aina hii hazilingani na diski kwa ukubwa. Faili ya VHD, mtindo mmoja wa diski za mashine pepe, hufungwa kwa baiti 512 za ziada zinazoanza na neno conectix, jina la kampuni ya Connectix lililopunguzwa herufi moja ili lienee katika baiti 8. Faili ya qcow2, mtindo wa programu ya QEMU iliyoanzishwa na Mfaransa Fabrice Bellard, hugawa diski katika vipande ambavyo kwa kawaida ni vya baiti 65,536, ikaweka majedwali ya ngazi mbili yanayoonyesha kila kipande kilipo, na kisichowahi kuandikwa haikitengei nafasi, hata diski ya gigabaiti 20 ambayo ni tupu ikatosha katika faili isiyofika megabaiti 1. Lakini maktaba ikiulizwa sekta yoyote ya diski hiyo, hata ile isiyotengewa nafasi, hurudisha baiti ambazo diski ingezirudisha. Ufanani umo katika majibu, na uzito wa faili ni shauri la uhifadhi tu. Neno "picha" haliwezi kulieleza jambo hili. Kifani hulieleza bila kuongezewa kivumishi.

Ipo pia hoja ya sarufi, ambayo majopo ya istilahi yaliyojaa wanasarufi hayakupaswa kuisahau. Maktaba, picha na diski zote zimo katika ngeli moja, kwa hiyo sentensi "maktaba hii inasoma picha ya diski iliyoharibika" haisemi kilichoharibika ni faili au ni diski ilikotoka, na tofauti hiyo ndiyo inayomwamulia fundi kama atairekebisha faili au atairudia diski. Kifani, kwa kuwa ni cha ngeli ya ki-vi, humaliza utata mara moja: "kifani cha diski kilichoharibika" ni kimoja, na "kifani cha diski iliyoharibika" ni kingine. Lugha yenye upatanisho wa kisarufi wa namna hii ina silaha ambayo Kiingereza hakina, na istilahi inayoitupa silaha hiyo haistahili kuitwa sanifu.

Suala hili limetoka mikononi mwa mafundi peke yao. Tanzania, ambayo Sheria yake ya Miamala ya Kielektroniki ya mwaka 2015 inakubali ushahidi wa kielektroniki, ilirekebisha sheria mwaka 2021 ili Kiswahili kiwe lugha ya sheria na ya mahakama, na mtaalamu wa uchunguzi akisema mbele ya hakimu kwamba "alipiga picha diski ya mshtakiwa", hakimu ana haki ya kuidai picha hiyo. Alichofanya ni kutwaa kifani, kisha kukokotoa kwa kanuni ya SHA-256 alama ya herufi na tarakimu 64 kutokana na yaliyomo ya diski, na nyingine kutokana na yaliyomo ya kifani. Alama hizo zikiwa sawa, usawa umethibitishwa, na biti 1 ikibadilika alama hubadilika pia. Uthibitisho wa usawa ndio ushahidi wenyewe, na neno linalotamkwa kizimbani lazima liubebe.

Kwa matumizi ya kila siku inatosha kusema kwamba kifani hutwaliwa kutoka kwenye diski, hupachikwa kwenye mfumo ili mafaili yake yasomwe, na huandikwa kwenye diski nyingine inapohitajika. Kwamba kifani kinachohifadhi mabadiliko tu na kuegemea kingine kwa yaliyobaki kiitwe kifani tegemezi. Na kwamba diski iliyohamishiwa moja kwa moja kwenye diski nyingine, bila kupitia faili, iitwe diski pacha.