Ukiona gari limejaa, waingia?

Hebu tuambiane ukweli. Asubuhi, steji ya Magogoni, kuna matatu mbili za mjini. Moja ina watu wawili, nyingine imebakisha kiti kimoja. Wewe wakimbilia gani? Hata mimi. Makanga walijua hilo zamani, ndo maana wengine huketisha vijana wao ndani wajifanye abiria. Ukishaingia, wao washuka. Wewe wadhani umeamua mwenyewe, kumbe umeamuliwa na vichwa ulivyoviona dirishani.

Mwaka 1951, Solomon Asch, mwanasaikolojia wa Marekani, aliandika kuhusu jaribio lake. Watu walionyeshwa mistari, waseme upi una urefu sawa na ule wa mfano. Jibu lilikuwa wazi kabisa. Ila mmoja tu ndiye aliyekuwa akijaribiwa, wenzake wote walikuwa wamepangwa waseme uongo. Karibu robo tatu ya waliojaribiwa walikubaliana na uongo huo angalau mara moja.

Sasa turudi kwetu. Asubuhi ya tarehe 29 Aprili 1994, feri ya Mtongwe ilipinduka ikivusha watu kwenda kisiwani. Iliruhusiwa kubeba watu 300, ikabeba zaidi ya 400. Watu 272 walikufa.

Siwalaumu waliopanda. Kazi haikungoji, na kuhesabu abiria ni jukumu la mwenye chombo. Wao waliwaza nini, siwezi kuwasemea. Lakini mimi najua ninachowaza nikikuta chombo kimejaa: "Wenzangu wote wamo, basi ni salama." Na wao wananitazama mimi, wawaza vivyo hivyo. Hakuna aliyehesabu.

Wiki jana usiku, matatu yetu ya watu 14 ilikuwa na watu 19. Sote kimya, macho kwenye simu. Bimkubwa mmoja akagonga bati: "Mwanangu, nishushe. Hili limejaa." Akashuka. Wa pili akamfuata, kisha wa tatu. Mimi nilikuwa wa nne, na nawaambia kweli, bila yeye nisingeinuka.

Asch aliliona hilo pia: akitokea mmoja tu wa kusema kweli, wanaofuata uongo hupungua sana. Kwa hivyo kesho ukipanda, hesabu vichwa. Vikizidi, sema. Kuna mtu pembeni yako anangoja tu mmoja aanze.