Jina Kinywani, Jina Daftarini: Historia Fupi ya Kusahihisha Cheti cha Kuzaliwa



Mtu anayeomba jina lake lisahihishwe katika cheti cha kuzaliwa hukabiliwa kwanza na swali hili: je, ni kosa la uandishi, au anataka kubadili jina? Kosa la uandishi hurekebishwa na msajili kwa ushahidi wa nyaraka na kiapo. Kubadili jina huhitaji hati yake maalumu, nayo husajiliwa kisheria. Swali hilo huchukulia kwamba kila jina lina tahajia moja iliyo sahihi tangu awali. Nakusudia kuonyesha kwamba, kwa majina ya Waswahili, dhana hiyo ni changa.

Kwa karne kadhaa majina ya pwani yaliandikwa kwa herufi za Kiarabu. Waandishi wa zamani hawakutenganisha daima sauti za p na b; alama moja ya irabu ilibeba i na e, na nyingine u na o. Jina Pili, machoni pa mgeni, lingeweza kusomwa Bili au hata Bele. Lakini msomaji wa siku hizo aghalabu hakuwa mgeni: alimjua mtoto, baba yake na mtaa wao. Kumjua mtu kulitangulia kulisoma jina lake.

Daftari la serikali liligeuza mpango huo. Tanganyika ilipata sheria ya kusajili vizazi na vifo mwaka 1920, chini ya Waingereza. Karani aliandika kwa herufi za Kirumi jina alilolisikia, na aliyeandikiwa ni ofisa asiyemjua mwenye jina. Mwaka 1930 ikaundwa kamati ya kusanifisha Kiswahili cha Afrika Mashariki. Vitabu vikapata tahajia moja. Majina ya watu hayakupata. Aliyefuata kawaida ya Kiswahili ya kumalizia neno kwa irabu aliandika Rashidi na Hasani. Mwingine akaandika Rashid na Hassan. Hakuna kati yao aliyekosea, ila karatasi zao hazikubaliani.

Fomu nayo ilidai jina la ukoo. Desturi ya “bin” na “binti” humtaja mtoto kwa baba yake, na baba kwa babu, hivyo jina la mwisho husogea kila kizazi. Ndugu wa tumbo moja, mmoja akimalizia kwa jina la baba na mwenzake kwa jina la babu, huonekana karatasini kama watu wa koo mbili. Wakati wa mirathi, tofauti hiyo yaweza kumgharimu mmojawao haki yake.

Aidha, vyeti vingi viliandikwa kwa kuchelewa. Utafiti wa kitaifa wa mwaka 2010 ulionyesha kwamba takriban asilimia 16 tu ya watoto wa chini ya miaka 5 nchini Tanzania walikuwa wamesajiliwa. Anayesajiliwa ukubwani hutegemea cheti cha shule au cha ubatizo. Hivyo tahajia ya mwalimu hugeuka kuwa jina la kuzaliwa.

Je, sheria haikuona tatizo? Iliona. Sheria ya Uingereza ya mwaka 1874 iliruhusu kosa la maelezo lisahihishwe pambizoni mwa daftari bila kufuta maandishi ya awali, kwa tamko la watoa taarifa au, wakikosekana, la watu wawili waaminifu wanaoujua ukweli wa jambo. Sheria za makoloni zilichota katika kisima hicho. Nchini Kenya, sheria ya mwaka 1928 ilimpa mzazi miaka miwili baada ya usajili kuandikisha jina la mtoto lililobadilishwa.

Tuzingatie maana ya pambizo hilo. Daftari lililomwondoa jirani linalazimika kumwita tena, aape kwamba Salimu wa cheti cha shule ndiye Salim wa cheti cha kuzaliwa. Hapo kumjua mtu kunarudi kutangulia kulisoma jina lake.

Kwa hiyo wataalamu wa Kiswahili tuna deni. Tumesanifisha msamiati wa sayansi na wa sheria. Majina tumemwachia karani. Tukiandaa orodha ya majina yenye tahajia zaidi ya moja, ofisi za usajili zitaweza kuyatambua kuwa jina moja. Nyuma ya herufi moja iliyopungua yupo mtu anayesubiri shamba, pasipoti au nafasi ya masomo, na kosa lenyewe si lake.